Babu aliandikwa jina lisilo lake

Barua nyingi za mwezi huu zinauliza jambo moja: nifanyeje kuijua asili ya ukoo wangu? Nimechagua tatu. Ya kwanza nimeijibu kwa urefu, maana aliyeiandika amekwama pale pale nilipokwama mimi kwa miaka miwili.

*Shikamoo Bibi. Nina miaka 34, naishi Muheza. Babu mzaa baba alikuja huku kukata mkonge, akafia hapa mwaka 1981. Kwenye kadi yake ya kazi aliandikwa Saidi, na kambini walimwita Saidi Kigoma. Baba naye ameshafariki. Bibi yupo, Mbondei wa hapa hapa, anasema watu wa kwao babu walikuwa wakimwita Minani. Nimeuliza kwenye makundi ya watu wa Kigoma kama kuna anayemjua Saidi aliyekwenda Tanga, hakuna. Nianzie wapi? Mjukuu wa manamba, Muheza.*

Marahaba, mjukuu wangu. Pole kwa kuondokewa na baba kabla hujamuuliza.

Kwanza, acha kumtafuta Saidi. Kigoma hawamjui. Aliyeondoka kule alikuwa na jina lingine, na huyo Saidi alizaliwa siku babu yako aliposimama mbele ya meza ya karani. Mkonge wenyewe uliletwa Tanga na Mjerumani Richard Hindorf mwaka 1893, ukitokea Florida, na miche iliyofika ikiwa hai ilikuwa 62 tu. Miaka hamsini baadaye mashamba yalikuwa yameenea mpaka watu wa jirani hawakutosha kuyahudumia. Mwaka 1944 wenye mashamba wakaunda ofisi yao ya kutafuta vibarua, SILABU, ikawa inakusanya vijana kutoka mikoa ya mbali. Kila mmoja alipewa namba, ndipo likaja neno manamba. Aliyejua jina la mtu ni mke wake na wenzake wa kambini. Shamba lilijua namba.

Sasa fikiria lile dirisha la karani. Foleni imefika nje, karani hajui Kiha, jina alilotajiwa halimkai mdomoni. Anauliza dini, anaandika Saidi. Au kijana mwenyewe amekimbia kodi, anataja jina la kubuni. Au ameingia na kadi ya mwenzake aliyerudi nyumbani, akaishi na jina la mwenzake mpaka kaburini. Katika miaka hii ya kuwasikiliza wajukuu wa manamba, yote matatu nimeyakuta.

Babu yangu mimi alikuwa Mbena, akaondoka kwao miaka ya 1930, hata SILABU haijaundwa. Korogwe aliandikwa Athumani. Nilipostaafu ualimu nilikwenda Njombe mara mbili nikiuliza: mnamjua Athumani aliyekwenda mkonge? Watu walinitazama kwa huruma. Karibu kila nyumba ilikuwa na mtu aliyekwenda mkonge. Kabla ya safari ya tatu nilikaa na shangazi yangu mkubwa, nikaacha habari za majina. Nikamwambia, shangazi, babu akikumbuka kwao alikuwa akisema nini? Akanyamaza kidogo, akasema, "Alikuwa akijilaumu kwa ule mundu." Mundu gani? "Aliondoka alfajiri na mundu wa baba yake, hakuaga. Alikuwa akisema, mzee nilimwacha hana cha kufyekea."

Nikaenda nao mundu huo. Asubuhi moja ya ukungu, nje kidogo ya mji wa Njombe, nilipelekwa kwa bibi asiyeona, amekaa jikoni karibu na moto, blanketi mabegani. Nikamwamkia, kamwene. Nikamweleza kwamba natafuta nyumba ambayo kijana wao aliondoka miaka ya nzige na mundu wa baba yake. Hakunijibu upesi. Alinyoosha mkono, akaukamata wangu, akaupapasa kutoka vidoleni mpaka kwenye kiwiko. Kisha akauliza, "Wa mundu?" Alikuwa binti wa mdogo wake babu. Alizaliwa babu ameshaondoka, lakini kwao habari ya mundu ilitajwa kila msimu wa kufyeka. Jina alilolitaja kuwa la babu sikuwa nimelisikia maishani mwangu. Nilimwomba alirudie mara tatu, nikaliandika, na mwandiko wa ukurasa ule mpaka leo ni mbaya kwa jinsi mkono ulivyokuwa ukitetemeka.

Ndiyo maana nakuambia uache jina. Hata pasipo karani, majina yetu hayatulii: mtoto huchukua la baba yake, mjukuu la baba yake yeye, na kikifika kizazi cha nne jina la mwanzo limeshadondoka. Mahali hukaa. Tukio hukaa. Mwiko wa ukoo hukaa, na makaburi ya majirani hukaa.

Ila wewe una bahati ambayo mimi sikuwa nayo. Minani si jina la kupita tu. Kwa Waha, na kwa ndugu zao Warundi, mtoto wa saba huitwa Nyandwi na wa nane huitwa Minani. Kwa hiyo bila kusafiri hata hatua moja umeshajua kwamba babu alitanguliwa na watoto saba, na huenda aliyemwachia ziwa aliitwa Nyandwi. Hiyo ni familia kubwa, na familia kubwa haifutiki kirahisi. Usiulize tena "mnamjua Saidi?" Uliza: "Ni nyumba gani iliyokuwa na Nyandwi na Minani, Minani akaenda Tanga asirudi?" Watakaoitika ni wachache, na kila atakayeitika ana sababu.

Lakini Minani anaweza kuwa wa Kasulu, wa Kibondo, au wa ng'ambo ya mpaka. Warundi nao walikuja kukata mkonge, na kambini wote walihesabiwa kuwa watu wa Kigoma kwa sababu lugha zao zinasikilizana. Hapo ndipo unapomhitaji bibi yako, na unamhitaji wiki hii. Usimwendee na kalamu mkononi kama ofisa wa sensa. Nenda na kazi ya mikono, mchambue mchele pamoja. Usimuulize "babu alitoka kijiji gani?" maana swali hilo ameshaulizwa, na jibu lake mnalijua. Muulize babu alikataa kula nini hata nyumbani pakiwa na njaa. Muulize alipokuwa akimbembeleza baba yako akiwa mchanga alimwimbia maneno gani. Hata kama bibi hajui maana, ayatamke kama anavyoyakumbuka, na simu yako iwe inarekodi kwa ruhusa yake. Muulize babu alitembea siku ngapi kabla ya kuona treni. Wakati huo reli ya kati na reli ya Tanga zilikuwa hazijaunganishwa, zimeunganishwa mwaka 1963, kwa hiyo waliokuja kabla ya hapo wana habari za malori njiani, na habari hizo zinasaidia kujua alikuja lini. Muulize mwamba, mto, mlima, soko, chochote alichokitaja akiwa na homa. Mtu mgonjwa huongea na kwao.

Na umuulize ni nani walioshika jeneza mwaka 1981. Swali hili ndilo ninalolipenda kuliko yote. Vijana wa kilima kimoja waliondoka pamoja, wakaomba kambi moja, wakazikana. Nenda kwenye makaburi ya kambi na mzee mmoja wa hapo, uangalie nani amelala kulia na kushoto kwa babu. Yule jirani naye ana wajukuu, na huenda wao walisharudi kwao wakaijua njia. Wapo wengi waliopata kwao kwa kumfuata jirani wa kaburini, wala si babu yao.

Kuhusu maandishi: babu akiwa Mwislamu, usidhani vitabu vya kanisa havikuhusu. Inawezekana aliupokea Uislamu mkongeni, na nduguze waliobaki wakabatizwa. Daftari la ubatizo la parokia ya Kikatoliki huandika jina la mtoto, baba, mama na msimamizi, na pembeni padri huongeza ndoa ya mtu huyo miaka mingi baadaye. Ukiambiwa parokia ya Kabanga, kwa mfano, mtafute Nyandwi, wala si Minani. Nyaraka za Taifa pale Upanga, Dar es Salaam, zitakusaidia kuielewa hali ya vibarua wa wakati ule, lakini usiende kwa matumaini ya kukuta jina la babu kwenye jalada.

Utakapokwenda Kigoma, kumbuka mwaka 1972 watu wa mkoa ule walihamishwa kwenye vijiji vipya wakati wa operesheni. Kijiji unachokiona leo barabarani huenda hakikuwepo babu alipoondoka. Uliza kilima cha zamani, uliza mahame, uliza nani anayajua makaburi yaliyoachwa kule.

Na jambo hili nalisema kwa uzito: ukitokea ghafla ukisema wewe ni mjukuu wa fulani, wa kwanza kukusikia atawaza shamba. Watadhani umekuja kudai urithi. Pitia kwa mwenyekiti wa kitongoji, nenda na mtu mzima, beba sukari na chumvi, na maneno yako ya mwanzo yawe kwamba hutafuti ardhi, unatafuta kaburi la kusomea dua. Useme hivyo ikiwa ni kweli. Kama moyoni mwako kuna habari ya shamba, subiri kwanza imalizike.

*Assalaam alaykum Bi Mwalimu. Tuna karatasi ya nasaba tuliyorithi, majina 9 kutoka kwa baba yangu mpaka mzee aliyetoka Shiraz. Kaka yangu yuko Muscat, anataka tupime vinasaba ili kuthibitisha. Je, inafaa kutumia fedha hizo? Msomaji wa Unguja.*

Waalaykum salaam, mwanangu. Kabla ya fedha, hesabu. Kizazi kimoja kadiria miaka 30. Vizazi 9 ni miaka 270, yaani karatasi yenu inafika katikati ya miaka ya 1700. Mwaka 2023 watafiti walichapisha matokeo ya vinasaba vya mifupa ya watu 80 waliozikwa pwani yetu na maeneo yaliyo karibu nayo, wa kati ya mwaka 1250 na 1800, wakiwemo wa Manda, Faza, Mtwapa, Kilwa na Songo Mnara. Waliona kwamba kuchanganyika kwa watu wa Afrika na watu wa Asia kulianza kama mwaka 1000, na kwamba wanaume wengi waliokuja walitoka upande wa Uajemi, uliko mji wa Shiraz, ilhali upande wa mama kwa sehemu kubwa ni Waafrika. Kwa hiyo kama mzee wenu ni wa kundi lile la kale, karatasi imeruka majina mengi sana. Inatokea. Mwandishi hukumbuka wa karibu na yule mashuhuri wa mwanzo, wa katikati wakapotea. Karatasi itunzeni, ni amana, ila msiisome kama cheti.

Jambo linaloniumiza katika karatasi za namna hii ni kwamba majina yote tisa ni ya wanaume. Ukipanda ngazi tisa, nafasi za wazee wako ni 512. Kwetu pwani binamu huoana, kwa hiyo mtu mmoja anaweza kukalia nafasi mbili au tatu, lakini hata hivyo ni umati mkubwa wa watu, na karatasi imemtaja mmoja. Mama yake aliyeandikwa wa tisa alikuwa nani? Na aliyemzaa wa nane? Wale waliobeba mimba, wakapika, wakamfundisha mtoto Kiswahili, wametoweka kana kwamba wanaume wale walizaana wao kwa wao.

Kipimo mkifanye mkitaka, lakini mjue kinachopima. Kipimo cha mstari wa baba hufuata baba wa baba wa baba, basi. Cha mama hufuata mama wa mama. Kile cha jumla hugawanyika nusu kwa kila kizazi, na ukifika kizazi cha saba au cha nane unaweza kuwa na mzee wa halali kabisa ambaye hukurithi chochote chake kinachoonekana. Asilimia za nchi wanazokuandikia zinategemea watu waliokwisha pimwa, na watu wa Afrika Mashariki waliopimwa ni wachache. Pia kipimo hakina siri. Kikionyesha kwamba mtoto fulani si wa baba anayemwita baba, hakuna atakayeweza kulirudisha neno hilo. Kaeni kikao cha familia kwanza, na wazee wawepo.

Mimi ningeanzia Kilimani, kwenye Nyaraka za Zanzibar. Hati za nyumba, mashamba na wakfu zinataja wanawake kwa majina yao na ya baba zao, maana wengi walikuwa wenye mali. Utakuta tarehe za Hijria. Mwaka 1300 ulianza Novemba 1882, na mwaka wa Hijria una siku kama 11 pungufu kuliko huu wa kawaida, hivyo uwe mwangalifu unapobadilisha. Hati moja yenye jina la bibi mwenye mikarafuu itakupa zaidi kuliko asilimia za maabara.

*Habari Bibi. Sisi ni wa Kisauni, Mombasa. Wazee wetu walikuwa Frere Town. Nikimuuliza mama anasema "hayo yamepita" na anaondoka chumbani. Jirani alishawahi kutuita wajukuu wa watumwa mbele ya watu. Nataka kujua ukweli bila kumuumiza mama. Nifanyeje? Binti wa Kisauni.*

Nzuri, mwanangu. Nimeisoma barua yako mara mbili.

Babu zako hawakuwa watumwa kwa asili. Walikuwa watoto wa watu, wenye ukoo, wakatekwa. Aibu ni ya aliyeteka. Mama yako analijua hilo pia, lakini amekulia mahali ambapo neno lile lilirushwa kama jiwe, na kunyamaza ndiyo ngao aliyopewa na mama yake. Usimnyang'anye kwa nguvu.

Historia ya nje unaweza kuisoma mwenyewe bila kumsumbua. Mwezi Juni 1873 Sultani Barghash alitia saini mkataba wa kuzuia biashara ya watumwa baharini, na soko la Unguja likafungwa. Meli za Uingereza zilikuwa zikikamata majahazi, na waliookolewa walihitaji pa kukaa. Ndipo wamisionari wa CMS, chama cha Kianglikana cha Uingereza, wakapata ardhi ng'ambo ya kisiwa cha Mombasa, wakaanzisha kijiji mwaka 1875, kikaitwa kwa jina la Bartle Frere, aliyetumwa na Uingereza kuutafuta mkataba ule. Walikuwepo pia Waafrika waliokuwa wamelelewa Nasik, India, wakarudishwa huku kusaidia. Wengine waliishi Rabai, ambako mmisionari Krapf alikuwa ameanzisha misheni tangu 1846.

Waliofika walibatizwa majina mapya, mengi ya Kizungu. Kwa hiyo nawe, kama kijana wa Muheza, usilifuate jina. Fuata neno linalosema wametoka wapi: Myao, Mmakua, Mnyasa. Nalo ulipime, maana Mnyasa aliitwa yeyote aliyetoka upande wa ziwa. Ukikuta Myao au Mmakua, kumbuka kwamba kwao ukoo huhesabiwa kwa mama. Mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na mwenye sauti juu yake ni mjomba. Kwa hiyo ukimtafuta kwa ukoo wa baba utakuwa unabisha hodi nyumba ya jirani. Barua na shajara za wamisionari wa CMS zimehifadhiwa Chuo Kikuu cha Birmingham, Uingereza. Kabla ya huko, zungumza na kanisa lenu na wale wa Rabai kuhusu madaftari ya ubatizo na ndoa, na uombe kuyasoma ukiwa umekaa nao, si kuyapiga picha na kuondoka.

Mama usimuulize juu ya utumwa. Muulize juu ya bibi yake: alipika nini Krismasi, alisuka vipi, aliwatania watu wa kabila gani, nani alimwita "mjomba" ambaye si ndugu wa damu. Wale waliopoteza ndugu zao walijitengenezea ndugu wapya kati ya waliokuja nao, na undugu huo wa kuundwa nao uuandike, maana ndio uliowalea. Akisema jambo, andika jambo hilo, tarehe, na kwamba amelisema mama. Akinyamaza, andika kwamba alinyamaza ulipofika pale.

Mkitoka pamoja siku moja, piteni Kengeleni. Ile kengele iliyokuwa ikigongwa kuwaonya watu wa kijiji kwamba wateka watumwa wanakuja bado ipo, na mahali pameitwa kwa jina lake. Msimame hapo. Usiseme neno. Ngoja aanze yeye.